Namna ya kuichambua propaganda ya siri: zoezi la saa moja na nusu

Zoezi hili linatosha watu sita hadi wanane, liwe darasa la historia pale Chumbageni au kijiwe cha kahawa Ngamiani. Andaa manila mbili, maka peni, na kisa kimoja tu. Tunapendekeza Operesheni Colombo ya Chile, njama ya mwaka 1975 ya utawala wa kijeshi wa Jenerali Pinochet ya kuficha kupotea kwa wapinzani waliokamatwa.

Usianze na propaganda ya wazi. Idi Amin alipotangaza Novemba 1978 kwamba ameitwaa ardhi ya Kagera, kila mtu alijua nani anasema. Ya siri humficha msemaji, na kazi ni kumtafuta huyo.

Manila ya kwanza, andika habari kama ilivyotoka Julai 1975. Jarida la Lea la Argentina limetaja Wachile 60 kuwa wamefia nje ya nchi. Gazeti la O'Dia la Curitiba, Brazil, limetaja wengine 59. Magazeti ya Santiago yakadaka, na La Segunda likaandika kuwa wameangamizwa kama panya. Uliza: vyanzo ni vingapi? Wengi watasema vitatu au zaidi. Wayaandike majibu yao. Ukiwasahihisha hapo, zoezi limekufa.

Manila ya pili ina maswali manne: nani kachapa, mara ngapi, kwa nini sasa, nani kanufaika? Hapa usiwe na haraka. Lea lilitoka toleo moja tu, likapotea. Familia za waliotajwa zilikuwa zimeshakwenda mahakamani kudai kuwa ndugu zao wamekamatwa, na baadhi walionekana ndani ya Villa Grimaldi, gereza la DINA, polisi wa siri wa Pinochet. Mapema mwezi huohuo Pinochet alikuwa amewazuia wachunguzi wa haki za binadamu wa Umoja wa Mataifa kuingia nchini. Sasa rudia swali la vyanzo. Ni kimoja, DINA, kimebadilisha kanzu tu.

Kosa la kawaida ni kumhesabu anayerudia habari kama shahidi. Baya zaidi ni kikundi kuondoka kikisema vyombo vyote vinadanganya. Vita vya kisaikolojia vinataka hivyo hasa, maana asiyeamini lolote hatamwamini hata mama anayemtafuta mwanawe. Kwa hiyo onyesha pia ukweli ulivyopatikana: Tume ya Rettig, tume ya ukweli ya Chile iliyotoa ripoti 1991, ilikusanya ushahidi wa familia, manusura na kumbukumbu za mahakama.

Mwisho kila mmoja afungue simu, achague ujumbe uliosambazwa, aupitishe kwenye maswali yale manne. Kama siasa zitazua ugomvi, tetesi za usajili wa Coastal Union zinatosha kabisa.