Namna ya Kubuni Viumbe wa Nuru Wanaofungamana na Wakati

Mwandishi anayetaka kuingiza mizuka ya nuru katika ulimwengu wake wa kubuni mara nyingi huanza na sura: rangi ya mng'ao, urefu wa mwili, macho yasiyo na mboni. Nashauri aanze na saa. Kiumbe ambaye msomaji anajua hutokea lini, hudumu kwa muda gani na anatoka katika wakati upi tayari ana nusu ya mwili wake, na sura itakayofuata itatii masharti hayo. Mifano yangu nitaitoa Dodoma na maeneo ya jirani, mahali penye mwanga mwingi wa kujifunzia, ingawa ulimwengu utakaoubuni unaweza kuwa na majua mawili au usiwe na mwezi kabisa.

Jambo la kwanza la kuamua ni umbali wa kiwakati kati ya kiumbe na anayemtazama. Nuru husafiri, na safari yake huchukua muda: mwanga wa jua hutufikia baada ya dakika 8 na sekunde kadhaa, na ule wa Kilimia, kundi la nyota ambalo wakulima wamelitumia kwa vizazi kuusoma msimu, uliondoka huko takriban miaka 440 iliyopita. Anayekitazama Kilimia usiku wa leo anakiona kilivyokuwa katika karne ya 16. Tuseme basi kiumbe wako ni nuru ya bibi aliyekuwa akisaga uwele miaka 7 iliyopita. Mjukuu wake anamwona, anapiga magoti na kusema, "Shikamoo bibi," lakini bibi anaendelea kusaga. Ikiwa katika ulimwengu wako nuru inakwenda upande mmoja tu, salamu hiyo haitamfikia kamwe. Ikiwa njia iko wazi pande zote mbili, salamu itasafiri miaka 7 na itikio litarudi kwa miaka mingine 7, hata mjukuu aje kuisikia "Marahaba" miaka 14 baadaye, pengine akiwa na mtoto wake mgongoni. Hizo ni hadithi mbili tofauti kabisa, ya kwanza ya msiba na ya pili ya subira. Chagua moja na uiandike kwenye daftari kabla ya ukurasa wa kwanza, kwa sababu msomaji hukubali sharti lolote la ajabu lakini hakubali sharti linalobadilika katikati ya safari.

Kisha kipe kiumbe mlango wa kuingilia. Dodoma iko kusini mwa ikweta kwa nyuzi 6 na kidogo, kwa hiyo mara mbili kwa mwaka, mwanzoni mwa Machi na tena wiki ya kwanza au ya pili ya Oktoba, jua la mchana hupita juu ya utosi na nguzo iliyosimama wima hukosa kivuli cha pembeni. Tukio hilo haliji saa sita kamili. Saa za Tanzania zinafuata longitudo ya 45 mashariki, ilhali Dodoma iko karibu na ya 36, na kwa hiyo katika Machi jua hufika juu mnamo saa 6:48 mchana na katika Oktoba mnamo saa 6:24. Mwandishi akisema viumbe wake huingia duniani wakati vivuli vinapokwisha, amepata mlango mwembamba wenye tarehe na dakika, na mhusika anayejua hesabu hiyo ana nguvu kuliko mfalme mwenye jeshi. Afadhali mlango wa namna hii kuliko usiku wa manane, ambao umetumika mno.

Msimu nao unaweza kufanya kazi kubwa. Mwali wa nuru unaopita pembeni yako hauonekani mpaka ukutane na kitu cha kuutawanya, kama vumbi, moshi au ukungu. Katika nchi ya Ugogo mvua hunyesha kwa kipindi kimoja, kwa kawaida kuanzia Desemba hadi Aprili, na baada ya hapo kiangazi ni kirefu, mibuyu hupukutisha majani na upepo huinua vumbi jekundu. Kwa msingi huo, viumbe wako wanaweza kuwapo mwaka mzima lakini waonekane kiangazi tu, na kipindi cha mvua watu wapite katikati yao bila kujua. Mimi naona hofu ya msomaji hukua zaidi katika miezi ya kutoonekana. Wazee husema, "Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua," na kiumbe anayepangwa kwa mzunguko kama huo huaminika upesi na msomaji aliyekua kati ya wakulima.

Rangi iamuliwe baada ya hayo, na haihitaji maelezo mengi: jua la jioni ni jekundu kwa sababu mwanga wake hupita katika hewa nyingi zaidi na ubluu hutawanyika njiani, kwa hiyo kiumbe wa zamani sana na awe mwekundu, na wa jana awe karibu na weupe.

Iko tahadhari moja ninayoisisitiza. Michoro ya miambani ya Kondoa, iliyoingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2006, ina watu warefu wembamba ambao kwa mwandishi huonekana kama mizuka iliyo tayari. Baadhi ya maeneo hayo bado yanatumiwa na wenyeji kwa matambiko ya mvua na uponyaji. Jifunze kutoka kwenye mistari na uwiano wa miili ile, lakini usichukue ibada ya watu walio hai ukaigeuza kuwa zimwi.

Mwisho wa maandalizi, andika tukio fupi lisilo na saa wala jua, ambamo mhusika anatambua wakati kwa kumtazama kiumbe peke yake, na umpe mtu asiyejua masharti yako alisome. Akishindwa kusema ni wakati gani, rudi kwenye daftari. Akiweza, walete viumbe wawili wa umri tofauti katika chumba kimoja na uamue kama wanaonana.