Asilimia 75 kabla ya rufani: kupinga sharti la amana katika Mahakama Kuu nchini India

Nchini India, mwajiri aliyekadiriwa deni la michango ya mfuko wa akiba ya wafanyakazi chini ya kifungu cha 7A cha Sheria ya 1952 hasikilizwi rufani yake mpaka aweke amana ya asilimia 75 ya deni hilo. Sharti hilo limo katika kifungu cha 7-O. Kifungu hichohicho kinaliruhusu baraza linalosikiliza rufani hizo kupunguza au kusamehe amana, mradi liandike sababu. Kanuni ya Hifadhi ya Jamii ya 2020, sheria iliyotungwa kuchukua nafasi ya ile ya 1952, imeweka asilimia 25, kwa hiyo kwanza hakikisha amri yako imetolewa chini ya sheria ipi.

Kisha tazama amri yenyewe ni ya nini. Kifungu cha 7-O kinataja deni la 7A tu. Kwa adhabu ya ucheleweshaji chini ya 14B, Mahakama Kuu kadhaa zimeamua kwamba amana haidaiwi. Riba ya asilimia 12 kwa mwaka ya kifungu cha 7Q, ikitolewa kwa amri ya peke yake, haina rufani kabisa. Mahakama ya Juu ilisema hivyo mwaka 2013 katika shauri la Arcot Textile Mills. Basi deni la 7A likiwa rupia 4,000,000, amana ni 3,000,000. Usijumlishe riba iliyo katika amri nyingine.

Rufani iingie ndani ya siku 60 tangu amri kutolewa. Baraza, ambalo tangu 2017 ni lile la viwanda la Serikali Kuu, linaweza kuongeza siku 60 nyingine kwa sababu za msingi, na hapo ndipo mwisho. Wengi hukwama hapa: wanahangaika kutafuta fedha, muda unapita. Peleka rufani pamoja na ombi la kupunguziwa amana na ombi la kuzuia ukusanyaji wa deni, vyote kwa siku moja, kwa sababu Kamishna wa mfuko, aliyekadiria deni, anaweza kukamata akaunti za benki wakati wewe bado unasubiri tarehe.

Ombi la amana ndilo linalostahili jasho lako. Kulalamika kwamba biashara ni mbaya hakutoshi. Ambatisha kiapo, hesabu zilizokaguliwa, taarifa za benki na orodha ya madeni. Onyesha pia kasoro inayoonekana bila kuchimba sana: mathalani Kamishna amekadiria michango ya vibarua wasiotambulika kwa majina, au amekataa kuita kumbukumbu ulizoziomba. Taja kiasi unachoweza kuweka. Anayeomba asamehewe chote bila kujitolea chochote hudhaniwa anakwepa haki ya wafanyakazi. Fedha zilizokwisha kuchukuliwa benki zitaje na uombe zihesabiwe.

Ombi likikataliwa, nenda Mahakama Kuu kwa ibara za 226 na 227 za Katiba. Usiombe ifute deni la 7A. Utaambiwa urudi kwenye rufani. Hoja ziwe finyu: baraza halikuandika sababu, halikugusa vielelezo vya hali ya fedha, au lilijiona halina mamlaka ya kupunguza. Mahakama haikai kama baraza la pili la rufani, na kielelezo kipya ambacho hukukipeleka chini hakitakusaidia sana. Ambatisha nakala ya amri inayopingwa, ombi lako la awali na viambatisho vyake vyote, na uombe zuio la muda.

Ukishinda, kwa kawaida shauri hurudishwa barazani lisikilizwe upya, au amana hupunguzwa na kuwekewa tarehe. Tarehe hiyo ni ya kuchungwa. Ukiona hutaiwahi, omba muda kabla haijapita. Weka fedha kwa namna amri ilivyoelekeza na uwasilishe stakabadhi barazani siku hiyohiyo, maana rufani hutupwa kwa kukosa uthibitisho hata pale fedha zilipokwisha kulipwa.