SOMO: Rimu kuingia kwenye stadi si sawa na rimu kulifaa gari lako

Wakuu, salaam.

Nenda Gerezani pale Kariakoo useme unatafuta rimu za Spacio. Muuzaji atakuuliza jambo moja tu: matundu manne au matano? Ukisema manne, muda si mrefu zimeshashushwa seti tatu za mtumba wa Japani zinazong'aa, na kijana ameshapiga jeki. Nati zinashika, gari linashuka, unalipa. Wiki ya pili usukani unatetemeka ukifika kilomita 90 kwa saa, au tairi la nyuma linakwangua digadi kila ukipakia familia. Muuzaji hakukudanganya, maana ziliingia kweli. Ila kuna mambo matano sita ambayo hakuna aliyeyapima.

Andaa rula, kalamu, na kama una venia (kipimo cha kubana kinachosoma milimita) ni bora zaidi.

Hatua ya 1: Anzia kwenye gari, duka baadaye

Fungua mlango wa dereva, tazama kwenye nguzo ya mlango. Kuna kibandiko chenye saizi ya tairi na upepo wake. Magari yetu mengi yametoka Japani, kwa hiyo maandishi huwa ya Kijapani, lakini namba zinasomeka: 195/65R15, kwa mfano. Halafu vua gurudumu moja, geuza rimu, soma nyuma ya spoki. Utakuta kitu kama 15x6JJ na pembeni yake 45, au +45, au ET45. Hiyo 15 ni kimo cha rimu kwa inchi, 6 ni upana kwa inchi (JJ ni umbo la ukingo tu), na 45 ni ofseti kwa milimita, nitaieleza hatua ya 4. Piga picha. Angalizo: kama gari ulilinunua kwa mtu, hakikisha kwanza rimu hizo ni za kiwandani. Inawezekana mwenye nalo wa kwanza alishabadilisha, ukajikuta unanakili kosa lake.

Hatua ya 2: Idadi ya matundu na PCD

PCD ni kipenyo cha duara linalopita katikati ya matundu yote ya stadi, yaani skrubu za gari zinazoshika nati. Vitz, IST ya kizazi cha kwanza, Spacio, Corolla NZE121, Honda Fit na Demio ni 4x100, yaani matundu manne, PCD milimita 100. Premio, Allion, Wish na Caldina ni 5x100. RAV4, Harrier, Mark X, Noah na Nissan X-Trail ni 5x114.3. Prado na Hilux 4x4 ni 6x139.7, wakati Land Cruiser kubwa za 100 na 200 ni 5x150.

Kupima matundu manne au sita ni rahisi: toka katikati ya tundu moja hadi katikati ya linalotazamana nalo. Matundu matano hayatazamani, ndiyo maana watu hukosea. Pima kutoka ukingo wa kushoto wa tundu moja hadi ukingo wa kushoto wa tundu jirani, kisha zidisha kwa 1.701. Ukipata milimita 58.8 hiyo ni PCD ya 100, 67.2 ni ya 114.3, 65.8 ni ya 112, ambayo ni ya Volkswagen na Mercedes. Umeona 112 na 114.3 zinavyokaribiana? Kati ya matundu mawili tofauti ni milimita 1.4 tu. Rimu ya Mercedes "itaingia" kwenye RAV4 ukiilazimisha kwa nati, na stadi zitakuwa zimepinda kidogo kila unapoendesha. Stadi iliyokaa hivyo siku moja inakatika.

Rimu zenye matundu manane au kumi ni za PCD mbili, kwa mfano 4x100 na 4x114.3 kwa pamoja. Hazina ubaya zikiwa zimetengenezwa hivyo kiwandani. Zilizotobolewa upya mtaani, achana nazo hata upewe bure.

Hatua ya 3: Tundu la katikati

Hapa ndipo mtetemo mwingi unapotokea. Katikati ya rimu kuna tundu kubwa linaloingia kwenye mdomo wa habu, yaani kitovu cha gari ambacho gurudumu linafungwa. Toyota ndogo zote nilizotaja, za PCD ya 100, habu yake ni milimita 54.1. RAV4 na Harrier ni 60.1. Subaru na Honda Fit 56.1, X-Trail 66.1.

Rimu nyingi za spoti zisizo za kiwandani zina tundu kubwa makusudi, mara nyingi 73.1, ili ziuzike kwa magari mengi. Ukiifunga kwenye habu ya 54.1 bila kitu katikati, rimu inaning'inia kwenye nati peke yake, na fundi akikaza upande mmoja kwanza inakaa kombo. Utapiga balansi mara tatu na mtetemo hautoki. Dawa yake ni ringi za katikati, za plastiki ngumu au alumini, zinazojaza pengo hilo: nje 73.1, ndani 54.1. Bei yake ni ndogo ukilinganisha na rimu zenyewe.

Tundu likiwa dogo kuliko habu, hakuna ringi itakayokuokoa.

Hatua ya 4: Upana na ofseti

Hatua hii isome mara mbili. Ofseti ni umbali kati ya mstari wa katikati ya upana wa rimu na uso unaogusa habu. Uso huo ukiwa upande wa nje wa mstari, ofseti ni chanya, na magari mengi ya mbele-huvuta yana chanya ya 35 hadi 50. Ofseti ikipungua, gurudumu linatoka nje. Ikiongezeka, linaingia ndani kuelekea shokomzoba.

Kosa la wengi ni kulinganisha ofseti peke yake na kusahau upana. Tuseme rimu yako ya sasa ni 5.5J yenye ET45, na unayoitaka ni 7J yenye ET35. Mtu atasema "imetofautiana milimita 10 tu." Piga hesabu. Inchi 5.5 ni milimita 139.7, nusu yake 69.85, toa 45, ukingo wa nje uko milimita 24.85 kutoka uso wa habu. Inchi 7 ni 177.8, nusu yake 88.9, toa 35, unapata 53.9. Gurudumu limetoka nje milimita 29! Sasa upande wa ndani, badala ya kutoa unajumlisha: 69.85 na 45 ni 114.85, 88.9 na 35 ni 123.9. Kwa hiyo limeingia ndani pia milimita 9. Nje linatafuta digadi, ndani linatafuta shokomzoba.

Mimi kwa gari la kila siku sipendi ukingo wa nje usogee zaidi ya milimita 15. Likitoka sana, beringi za magurudumu zinabeba mzigo kwa mkono mrefu zaidi, usukani unakuwa mzito na kila shimo linauvuta.

Hatua ya 5: Kimo cha tairi

Ukipanda kutoka rimu ya 15 kwenda 16 au 17, kimo chote cha gurudumu kisibadilike zaidi ya asilimia 3 hivi, la sivyo spidomita inadanganya na tairi linaanza kugusa. Kwenye 195/65R15, 195 ni upana wa tairi kwa milimita, 65 ni asilimia ya ubavu, 15 ni rimu kwa inchi. Hesabu: upana wa tairi mara asilimia ya ubavu, mara mbili, jumlisha rimu kwa milimita. 195/65R15 inatoa 634.5. 205/55R16 inatoa 631.9, sawa kabisa. 215/45R17 inatoa 625.3, bado inakubalika, ila ubavu wake ni chini ya milimita 97 wakati ule wa kwanza ulikuwa karibu 127. Kwa barabara zetu zenye matuta na mashimo, huo ubavu ndio unaookoa rimu. Anayeishi barabara ya vumbi akafunga 17 kwenye Premio, ajue ananunua urembo.

Kushuka nako kuna mpaka wake: rimu ndogo inaweza kugota kwenye kalipa ya breki.

Hatua ya 6: Nati

Toyota nyingi na Honda stadi zake ni M12x1.5, yaani unene milimita 12 na nafasi kati ya nyuzi milimita 1.5. Nissan na Subaru ni M12x1.25. Nati ya Nissan kwenye stadi ya Toyota itaanza kuingia, kisha itakuwa ngumu, na fundi ataongeza nguvu. Uzi umekwenda.

Tazama pia kikalio, yaani sehemu ya rimu ambayo nati inakalia. Rimu nyingi za alumini za Toyota za kiwandani hutumia nati zenye washa bapa. Honda za kiwandani hutumia nati ya mviringo kama mpira. Rimu nyingi za spoti zinataka nati ya koni ya nyuzi 60. Ukifunga ya washa kwenye tundu la koni, inagusa kwenye ukingo mwembamba tu na baada ya muda inalegea. Kwa hiyo ukinunua rimu, ulizia na nati zake.

Nati izunguke angalau mara nane kamili kwenye stadi ya M12x1.5 kabla haijakaza, au mara kumi kwenye M12x1.25. Ikizunguka mara nne ikagota, stadi ni fupi kwa rimu hiyo. Kaza kwa mtindo wa nyota, gari likiwa limeshushwa kidogo. Toyota ndogo zinataka nguvu ya kukaza ya Nm 103. Baada ya kilomita 50 hadi 100 rudia kukaza.

Hatua ya 7: Kagua mtumba, kisha ujaribu

Rangi mpya inaficha mengi. Tazama upande wa ndani wa rimu, ndiko kunakopindika na kuchomelewa. Zungusha kwenye mashine ya balansi utazame ukingo kama unacheza. Ufa karibu na spoki au matundu ya nati, rudisha. Tafuta alama ya JWL (kiwango cha Kijapani cha rimu) na uzito wa juu uliogongwa nyuma: ukizidisha kwa nne lazima upite uzito wa gari lililojaa, tena kwa nafasi ya kutosha, kwa sababu mzigo haugawanyiki sawa kwa magurudumu yote. Wenye Hiace za biashara watafute JWL-T, ya magari ya mizigo na mabasi.

Kabla ya kulipa, funga gurudumu moja la mbele na moja la nyuma. Zungusha kwa mkono usikilize kalipa. Shusha gari, kata usukani hadi mwisho kulia na kushoto. Pakia watu nyuma, pita tuta taratibu. Muuzaji anayekataa jaribio hilo amekwisha kukujibu.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali (mwenye Subaru Forester SG, Arusha): Mkuu, nimepata rimu za Premio bei poa, 5x100 kama zangu. Fundi anasema zimegoma kukaa. Tatizo nini?

Jibu: Rudi hatua ya 3. Habu yako ni 56.1, tundu la rimu ya Premio ni 54.1. Kinyume chake kingewezekana kwa ringi, yaani rimu ya Subaru kwenye Premio. Wewe ungelazimika kupeleka rimu kwa mkerezaji mwenye mashine nzuri, atoe milimita moja kuzunguka pande zote, na akikosea katikati umepoteza rimu. Ningebadilishana na mtu. Na usizikaze kwa nguvu "zikae zenyewe," zitapasuka. Nyongeza: Forester ya kizazi kilichoanza 2018 ni 5x114.3, kwa hiyo ukiulizia mtumba taja kizazi.

Swali (Vitz, Mbagala): Kaka, kuna adapta za kubadili matundu manne yawe matano. Nizinunue?

Jibu: Hapana. Adapta inasukuma gurudumu nje kwa unene wake wote, na sasa una seti mbili za nati za kukagua, moja imejificha nyuma ya rimu. Rimu za 4x100 zimejaa sokoni, huna sababu.

Swali: Nimefunga rimu mpya, gari linatetemeka kati ya 80 na 100, balansi nimepiga mara mbili. Alainmenti itasaidia?

Jibu: Alainmenti (mpangilio wa pembe za magurudumu) ikiwa mbaya inavuta gari upande na kula tairi, mara chache inatetemesha. Vua gurudumu, pima tundu la katikati. Safisha kutu kwenye uso wa habu kwa brashi ya waya, hata kipande kidogo cha kutu kinalaza rimu kombo. Weka ringi, kaza kwa nyota, kisha jaribu. Ikiendelea, sasa tazama kama rimu yenyewe imepinda.

Swali (dada mwenye RAV4, Dodoma): Naweza kubadilisha mbili za mbele tu, za nyuma nizinunue mwezi ujao?

Jibu: Dada, kama RAV4 yako ni ya magurudumu manne kuvuta, vimo vya matairi mbele na nyuma lazima vilingane, la sivyo mfumo wa kugawa nguvu unasuguana muda wote na kupata moto. Kama tairi unazofunga zina kimo kilekile na zimechakaa kwa kiasi kinachofanana, sawa. Kama hapana, subiri zitimie nne.

Swali: Spea yangu ni ya chuma, na nati za rimu mpya ni za koni. Itakuwaje nikipata pancha njiani?

Jibu: Rimu nyingi za chuma nazo zina kikalio cha koni, kwa hiyo kwa kawaida zitashika. Usisubiri ukiwa Mikumi usiku ndiyo ujue. Funga spea nyumbani leo kwa nati hizo, zungusha, tazama kama inakaa sawa. Na kama nati mpya zina kichwa chembamba kinachotaka soketi yake maalumu, hiyo soketi ikae kwenye gari pamoja na jeki.