Picha ya watu Marekani: uliza kwanza mteja ni nani

Nilipokuwa na studio pale Mwanga, Kigoma, mteja ndiye aliyekuwa bosi. Akitaka pazia la nyuma lililochorwa Makka, anawekewa Makka. Akitaka maghorofa ya New York naye hajavuka hata Malagarasi, anasimama mbele ya maghorofa, mkono mfukoni. Chunusi tulizifuta kwa penseli juu ya negativu. Ulikuwa uongo, lakini uongo wa mwenye sura: kauchagua, kaulipia, anaondoka nao.

Sasa naishi St. Louis, Marekani, na Jumamosi nakaa na vijana wetu, wengi Wakongo waliokulia kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu. Shuleni wanaulizwa kama kwao kuna nyumba, na wao wenyewe wamefika na picha zao vichwani kuhusu Wamarekani weusi, zilizotoka kwenye filamu. Kwa hiyo tunajifunza kusoma picha, na ninaanza na swali la studio: mteja ni nani? Kwenye picha nyingi maarufu za makundi ya watu wa nchi hii, aliyepigwa siye mteja.

Mchukue mpiga picha Edward Curtis. Kati ya 1907 na 1930 alitoa juzuu 20 za picha za wenyeji wa asili wa Marekani. Fedha nyingi zilitoka kwa tajiri wa benki J. P. Morgan, na walionunua juzuu hizo walikuwa maktaba na watu wenye uwezo. Wateja hao walitaka kuona watu wanaotoweka, watu wa zamani. Mwaka 1910 Curtis aliwapiga wanaume wawili wa kabila la Piegan, baba na mwanawe, wameketi ndani ya hema, na katikati yao iko saa ya mezani. Katika picha iliyochapishwa saa haipo. Kama fundi nasema kazi imefanywa kwa ustadi. Ukiambiwa hapo palikuwa na kitu, utabisha. Lakini ile saa ndiyo iliyokuwa ikisema kwamba hawa ni watu wa leo, wananunua vitu dukani kama jirani yao mzungu. Maktaba ya Bunge la Marekani imeweka mtandaoni picha yenye saa. Ifungue, iweke kando ya ile ya kitabuni, utazame kwa dakika nzima bila kusema neno.

Ukishaizoea hiyo, tafuta saa kwenye kila picha. Yaani tafuta kitu cha leo ambacho kingetakiwa kuwapo: simu, nyaya za umeme, viatu vya plastiki, daftari la shule. Mmasai kasimama juu ya jiwe jua likizama, simu yake iko wapi? Jarida la National Geographic lilimwalika mwanahistoria John Edwin Mason apekue kumbukumbu zake, na katika toleo la Aprili 2018 likakiri lenyewe kwamba kwa miongo mingi liliwaonyesha watu wa nje kwa ubaguzi, kama washenzi wa porini wasiojua mashine.

Halafu funika maelezo yaliyo chini ya picha kwa kiganja. Sema unachokiona, kisha ondoa mkono usome. Mfano wangu ni mafuriko ya New Orleans, kimbunga Katrina, Agosti 2005. Kijana mweusi anapita kwenye maji ya kifuani akivuta mfuko. Maelezo ya shirika la habari la AP yakasema ametoka kupora duka. Picha nyingine: wazungu wawili kwenye maji kama yaleyale, na vitu mikononi. Maelezo ya shirika jingine, AFP, yakasema wamepata mkate na soda kutoka dukani. Wapiga picha walijitetea, kila mmoja kwa alichokishuhudia, na pengine wote walisema kweli. Hilo halinisumbui. Kinachonisumbua ni msomaji aliyezipitia zote mbili asubuhi ileile na asione lolote la kushangaza.

Rangi nayo ichunguze. Juni 1994 majarida Time na Newsweek yalitumia picha ileile ya polisi ya O. J. Simpson, mchezaji mweusi maarufu aliyeshtakiwa kwa mauaji, na ile ya Time ilitiwa giza. Aliyewahi kusafisha picha kwenye chumba cha giza anajua giza haliji lenyewe.

Picha moja inaweza kuwa ya haki kabisa na bado ikapotosha kwa wingi wake, ndiyo maana nawahesabisha. Mtaalamu wa siasa Martin Gilens alihesabu picha za maskini katika majarida makubwa matatu ya habari, 1988 hadi 1992. Waliokuwa weusi ni asilimia 62. Kati ya maskini halisi wa nchi, weusi walikuwa asilimia 29. Na waliodhani maskini wengi ni weusi ndio walioelekea zaidi kusema kwamba maskini amejitakia. Wewe chukua daftari, piga safu mbili, tazama kituo kimoja cha habari kwa wiki: nani ameonyeshwa akifanya kazi, nani ameonyeshwa akipokea msaada au akiwa na pingu. Usikadirie. Weka alama.

Sasa jina, na hapa huwa tunakaa sana. Karibu kila Mmarekani anamjua yule mama wa California, watoto wawili wamemwegemea na kugeuza nyuso, mkono wake shavuni. Mpiga picha Dorothea Lange alimpiga Machi 1936 huko Nipomo, kambini kwa wavunaji wa njegere, akiwa kazini kwa serikali. Mteja basi ni serikali, iliyotaka wananchi waunge mkono msaada kwa wakulima. Lange hakumwuliza jina. Picha ikatoka magazetini, chakula kikapelekwa Nipomo, mama na watoto walishaondoka. Jina lake, Florence Owens Thompson, lilijulikana 1978. Ikaonekana kwamba yule aliyegeuzwa sura ya mkulima mzungu aliyekimbia ukame alizaliwa na wazazi wa Cherokee, na California alikuwapo tangu miaka ya 1920. Kwa hiyo kila picha inayoitwa “mkimbizi” au “mama wa Kiafrika”, waambie walioitoa wakupe jina. Likikosekana, jua huyo amewekwa asimame badala ya wengine, na hakuulizwa.

Vijana wangu wa Kongo nawaonyesha pia Ota Benga, kijana Mkongo aliyeletwa hapahapa St. Louis kwa maonyesho ya 1904, Forest Park, tunakopiga mpira siku hizi. Meno yake yalichongwa kwa urembo wa kwao. Waliomtangaza wakasema mla watu. Mwaka 1906 aliwekwa kwenye nyumba ya nyani ya bustani ya wanyama ya Bronx, mpaka wachungaji weusi wa makanisa walipopaza sauti. Baada ya hapo huwa sisemi mengi.

Ila msiondoke mkidhani wapigwaji walikaa kimya. Frederick Douglass, aliyetoroka utumwani, alipigwa picha zipatazo 160, na hakuna Mmarekani wa karne ya 19 anayejulikana kumzidi. Suti safi, macho makali, bila tabasamu, kwa sababu hakutaka sura ya mtumwa mwenye furaha iliyochorwa kila mahali. Sojourner Truth, mwanamke mweusi aliyetoka naye utumwani, aliuza kadi za picha zake mwenyewe, na mwaka 1864 akazisajili kwa jina lake. Hao walikuwa wateja.

Na wewe siku yako itafika, maana mashirika yanapenda sana sura zetu. Mpiga picha wao mmoja aliingia kwa jirani yangu akaiomba familia ikae kwenye godoro sakafuni, na kochi lipo. Akija kwako, kaa kwenye kochi, vaa shati unalolipenda, televisheni ibaki ilipo. Kisha fomu ya ruhusa ya picha: isome yote kabla ya kalamu. Ukiona “kwa matumizi yoyote” au “bila kikomo cha muda”, kata mstari, andika pembeni “kijarida cha mwaka huu tu”, weka sahihi hapohapo. Maelezo ya picha andika mwenyewe: jina, kazi, mtaa. Omba nakala. Wakisema haiwezekani, waage vizuri na uwapakie chapati za njiani.