Mpira wa kulainisha njia: jinsi ya kuuweka, na jinsi ya kumwangalia mama ukishauweka

Nawaandikia wakunga wapya na wale mliopangiwa leba juzijuzi, maana naona wengi mkisikia daktari kaandika mpira, yaani katheta ya Foley, mrija wenye puto nchani unaowekwa kwenye mlango wa kizazi kuuandaa kwa uchungu, mnakimbilia stoo kuitafuta kabla hata hamjamsogelea mama. Kuingiza mpira wenyewe ni dakika chache tu, kazi yote iko kabla na baada, na mama akipata madhara mara nyingi ni kwasababu kuna kitu kilirukwa huko.

Kwanza elewa mpira unafanya nini. Mpira haumzalishi mama, mpira unaandaa mlango wa kizazi ambao bado mgumu na umefunga. Puto linakaa juu ya mlango wa ndani, linaukandamiza, linaachanisha chupa (mfuko wa maji ya mtoto) kidogo na ukuta wa kizazi, na mwili wenyewe unaanza kutoa prostaglandini, kemikali zake za kulainisha mlango huo. Sio kitu cha jana, Embrey na Mollison kule Uingereza waliandika kuhusu katheta ya Foley kwa kazi hii tangu 1967, na WHO, Shirika la Afya Duniani, nao wanaikubali.

Kwahiyo chukua kadi ya kliniki ukae nayo. Hesabu wiki mwenyewe, tarehe ya hedhi ya mwisho na ultrasaundi ya mapema kama ipo, maana ukimwanzishia uchungu mama wa wiki 36 ukidhani kafika 41 umemtoa mtoto kabla ya wakati wake. Sababu ya kuanzisha iwe imeandikwa kwenye faili, mimba imepitiliza wiki 41, presha ya mimba, kitu kinachoeleweka, sio "mama kachoka". Pima tumbo uhakikishe mtoto katanguliza kichwa, sikiliza mapigo yake yawe kati ya 110 na 160 kwa dakika. Kama kondo la nyuma limekaa chini, kama anatoka damu, kama mtoto kalala mkingamo au kuna maambukizi ukeni, usiweke, mwite daktari. Kama chupa imeshapasuka pia simama kwanza uulize, sehemu nyingi hawaweki kwa kuogopa maambukizi. Na muulize kama akigusa glavu au kondomu huwa anawashwa au kuvimba, katheta nyingi tunazotumia zina lateksi. Kituo kisicho na chumba cha upasuaji kinachofanya kazi, mpe rufaa, hapo sina mjadala.

Halafu pima njia, yaani mlango wa kizazi, uandike Bishop yake, alama za kuonyesha iko tayari kiasi gani kwa uchungu: imefunguka kiasi gani, imefupika kiasi gani, ni laini au ngumu, imeelekea mbele au nyuma, na kichwa kimeshuka wapi. Ikiwa 6 kushuka chini ndo mama wa mpira. Ikiwa juu ya hapo njia imeshakuwa tayari, mpira hauna cha kuongeza.

Ongea na mama kabla hajapanda kitandani. Mwambie mama, nitakuwekea mpira mdogo, utasikia kubanwa kama maumivu ya hedhi, unaweza kukaa nao masaa 12 au zaidi, utatembea, utakula, na ukidondoka wenyewe usiogope. Mwambie pia ana haki ya kusema hapana. Na ndugu walioko nje waambiwe, kwa ruhusa yake, maana mama mkwe akisikia "kawekewa mpira" na asubuhi mtoto hajazaliwa anaanza kudhani kuna jambo mnaficha.

Vifaa ni hivi: katheta ya Foley namba 16 mpaka 24, na hapa soma maandishi pale kwenye tawi la kujazia, kuna zenye puto la ml 5 mpaka 10 na kuna za ml 30, ile ndogo ni ya mkojo tu, haifai hapa. Spekulamu (kifaa cha kufungulia uke), koleo la kushikia pamba, dawa ya kusafishia, glavu tasa, bomba la sindano, maji tasa au salaini. Puto halijazwi hewa.

Mama akakojoe kwanza. Alale chali, magoti akunje ayaachanishe, mfunike na khanga yake. Weka spekulamu taratibu mpaka uuone mlango wa kizazi, usafishe, shika ncha ya katheta kwa koleo uipitishe bila kugusa kuta za uke, isukume mpaka puto lote lipite mlango wa ndani. Ikigoma usilazimishe, badilisha mkao wa mama kidogo ujaribu tena, na damu ikianza kutoka acha. Ukishapita jaza polepole ml 30 mpaka 60 kwa kufuata mwongozo wa hospitali yako na kiasi ambacho puto linabeba, huku unamwangalia mama usoni, maana akisikia maumivu makali unapojaza inawezekana puto bado liko ndani ya mlango wenyewe, toa maji, sukuma mbele, anza upya. Kisha vuta kidogo mpaka lisimame, ubandike mpira pajani kwa plasta ukiwa umekaza kidogo tu. Andika saa uliyoweka na ml ulizojaza, anayepokea zamu lazima avikute.

Sasa ndo kazi inaanza. Sikiliza mtoto mara tu baada ya kuweka, halafu urudi na urudi tena: mapigo ya mtoto, uchungu, damu, presha, joto la mama. Chupa ikipasuka, damu ikitoka, homa ikipanda au mapigo ya mtoto yakibadilika, toa maji kwenye puto, toa mpira, ita daktari. Ukishatoa gusa tena tumbo, puto linaweza kusogeza kichwa na kamba ya kitovu ikapata nafasi ya kutangulia.

Wengi mnaniuliza mpira na misoprostoli, dawa ya kulainisha njia na kuanzisha uchungu, kipi bora. Utafiti wa INFORM uliofanyika India, ukachapishwa 2017, kwa akina mama wenye presha, vidonge vya maikrogramu 25 vya kumeza viliwazalisha kwa njia ya kawaida ndani ya masaa 24 asilimia 57, mpira 47. Kwahiyo tusiudharau mpira wala tusiukuze. Uzuri wake ni kwamba haubani kizazi kupita kiasi kirahisi kama dawa, na ukitaka kusitisha unautoa ukaisha, kidonge kikishamezwa hukitoi. Mama mwenye kovu la operesheni misoprostoli hapewi, mpira daktari anaweza kuufikiria, ila uamuzi ni wake na chumba cha upasuaji kiwe karibu.

Mpira ukidondoka njia mara nyingi ni sentimita 3 au 4. Pima, andika, na kama uchungu haujashika vizuri daktari atasema mpasue chupa na kuanza dripu ya oksitosini, dawa ya kuleta uchungu. Usianzishe dripu mpira ukiwa bado ndani kama mwongozo wenu hauruhusu, na dripu ikishaanza usimwache mama peke yake. Kama muda mliopangiwa umefika, masaa 12 au 24 kutegemea na hospitali, na mpira haujadondoka, toa maji uutoe, pima Bishop upya. Ikiwa bado ngumu na mama na mtoto wako salama, sio lazima kukimbilia kisu, mpe mama chakula apumzike na daktari aamue kama mnarudia au mnahamia kwenye dawa.