Hati ya ardhi ya serikali ikipingwa: namna ya kupanga karatasi zako kabla ya kesi

Mimi ni karani wa wakili hapa Mombasa. Kesi za ardhi hupita mezani kwangu kabla hazijamfikia jaji, na mteja akija huanza kwa kunitolea hatimiliki aliyoikunja ndani ya plastiki. Namwambia aiweke kando kwanza, tutairudia.

Kifungu cha 26 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinamtambua mwenye cheti kuwa ndiye mmiliki. Lakini hapo hapo kinaruhusu cheti kipingwe kwa udanganyifu alioshiriki mwenyewe, au kikiwa kimepatikana kinyume cha sheria, bila kufuata utaratibu, au kwa mpango wa kifisadi. Haya ya mwisho yanaweza kukuangusha hata kama wewe ulinunua kwa nia safi. Aprili 2023 Mahakama ya Juu iliamua kesi ya Dina Management na Serikali ya Kaunti ya Mombasa, juu ya kiwanja cha ufuoni Nyali kilichogawiwa mara ya kwanza 1989. Mnunuzi alikuwa na hati mkononi. Akashindwa, kwa kuwa ule mgao wa kwanza ulikuwa na kasoro.

Basi tunaanza nyuma. Andika jina lako, la aliyekuuzia, la aliyemuuzia yeye, mpaka ufike kwa serikali yenyewe. Kila jina litafutie karatasi yake: mkataba, fomu ya uhamisho, risiti ya ushuru wa stempu. Sachi (ile karatasi ya ukaguzi wa rejista) peke yake haitoshi, inakuonyesha mwenye jina leo tu. Omba kwa msajili nakala ya rejista iliyothibitishwa kwa muhuri na sahihi yake (kwa ardhi nyingi ni ile kadi ya kijani), kisha nenda kwa wapima ramani ukachukue rekodi za upimaji, na kwa watu wa mipango ukachukue mpango wa eneo.

Sasa zipange kwa tarehe. Hapa ndipo mimi hutumia muda mwingi kuliko mahali pengine popote. Kwa kiwanja cha serikali, mpango wa eneo hutangulia, ndipo barua ya mgao (ile ya serikali kukupa kiwanja), kukubali na kulipa ndani ya muda uliotajwa kwenye barua, upimaji, mwisho hati. Ukikuta hati ina tarehe iliyotangulia upimaji, au risiti ya malipo imechelewa miaka, weka alama: wakili wa upande wa pili ataiona. Kwenye kadi ya kijani fuata namba za maingizo. Ingizo la 3 lenye tarehe ya kabla ya ingizo la 2 linahitaji maelezo. Wino tofauti usikushtue, makarani hubadilishana kalamu kila siku.

Na kama ulicho nacho ni barua ya mgao tu, bado huna ardhi. Mahakama ya Juu ililisema hilo wazi katika kesi ya Torino Enterprises, Septemba 2023.

Njia ya kwenda kortini inategemea lalamiko. Ikiwa afisa ametoa uamuzi, tuseme msajili amefuta hati yako kwa tangazo la Gazeti Rasmi la Serikali, omba mapitio ya mahakama, yaani jaji aangalie kama uamuzi ulifuata sheria. Ombi la kuubatilisha uamuzi lina miezi 6, usilale. Ikiwa mnabishania nani mwenyewe, fungua kesi ya kawaida katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi, au kwa hakimu ikiwa thamani iko ndani ya mamlaka yake. Madai ya ardhi yana miaka 12. Ukidai udanganyifu, taja nani alifanya nini na lini. "Walishirikiana kuniibia" haitoshi, na kiwango cha kuuthibitisha ni cha juu kuliko madai mengine.

Siku hiyo hiyo ombeni amri ya zuio, kiwanja kisije kikauzwa kesi ikiendelea. Msajili aitwe shahidi, aje na faili lenyewe. Mkiambiwa faili halionekani, andikeni barua ya kuliomba na mrudi na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Ile nakala nayo ni kielelezo.

Hukumu ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi ikitoka, notisi ya rufaa ni ndani ya siku 14. Ukishinda, usirudi nyumbani na hukumu tu. Chukua amri iliyotiwa muhuri, mpelekee msajili, halafu fanya sachi upya uone kama jina limebadilika.