Mpira na tufe: zoezi la kuanzia kwa anayetaka kazi ya animesheni

Vijana wengi wanaotaka kazi hii huanza na joka linaloruka au jengo linalolipuka. Anayeajiri anatafuta jambo la msingi zaidi: vitu vyako vina uzito? Zoezi hili linamjibu.

Programu ni Blender, nayo ni ya bure. Filamu ya katuni ya Latvia iliyotwaa Oscar mwaka 2025 ilitengenezwa humo, kwa hiyo usisubiri hela ya programu.

Hatua ya 1. Fungua faili jipya, fremu (picha moja moja) 24 kwa sekunde, ufute kile kisanduku kinachokuja na faili. Bonyeza Shift+A, chagua UV Sphere (umbo la mpira), nusukipenyo mita 0.11, yaani kama mpira wa miguu. Bonyeza Tab, kisha G, Z, 0.11, Enter, halafu Tab tena. Sasa Z, yaani kimo, ikiwa 0, mpira unagusa sakafu.

Hatua ya 2. Bonyeza N, paneli ya namba ifunguke pembeni. Nenda kwenye kila fremu, andika Z yake, weka kishale juu ya namba hiyo na ubonyeze I ili irekodiwe kama kituo:

fremu 1: 1.2
fremu 13: 0
fremu 21: 0.6
fremu 29: 0
fremu 35: 0.3
fremu 41: 0
fremu 45: 0.15
fremu 49: 0

Kitu kikidondoka kutoka mita 1.2 hufika chini kwa nusu sekunde hivi. Ndizo hizo fremu 12 za mwanzo.

Hatua ya 3. Ukicheza sasa, mpira unatua polepole kama unyoya, maana Blender hulainisha kila kituo. Fungua Graph Editor (dirisha linaloonyesha mwendo kama mstari), chagua vituo vyote vyenye Z 0, bonyeza V, chagua Vector. Mstari uchongoke chini, ubaki wa mviringo juu.

Hatua ya 4. Hapa tulia. Tengeneza mpira wa pili pembeni, huu uwe tufe la chuma. Fremu ya 1 na ya 13 ziache zilezile! Wengi huharakisha kitu kizito kinapoanguka, na macho ya mtazamaji yanakataa. Mvutano wa dunia unavishusha vyote viwili kwa mwendo mmoja (puto ni habari nyingine, hewa inalizuia). Uzito hujulikana baada ya kugusa chini: fremu 15, Z 0.05, fremu 17, Z 0. Basi, tufe limekaa.

Hatua ya 5. Kwa upande wa VFX (kuchanganya vitu vya kompyuta na video halisi), rekodi uwanja wa nyumbani, simu ikiwa imetulia na kipimo cha mwanga cha kamera kimefungwa kisibadilike. Andika jua lilikuwa upande gani, kisha weka mpira na tufe ndani ya video. Kagua vivuli fremu kwa fremu: kwenye fremu 13, kivuli na mpira lazima vigusane. Pengo dogo tu pale, na kila mtu atajua ni bandia.

Hatua ya 6. Video ya kazi zako isizidi dakika moja, kilicho bora kikae mbele. Ukiipeleka kwa watengenezaji wa katuni za watoto, kama Ubongo wa Dar es Salaam, au kwa studio za matangazo, chini ya kila kipande andika ulichofanya wewe: mwendo, mwanga au kuunganisha picha.